Nondo ya Nne

Majengo, saa moja asubuhi. Mawe meusi bado yana baridi.
Chukudu mbili zimeleta sima,
ya tatu imeleta nondo tatu, kitambaa chekundu mkiani.
Mama Kahambu amesimama mlangoni pa nyumba isiyo na mlango,
risiti mkononi: kumi na sita, vipande vitatu, imelipwa.

Jana usiku, kwa taa ya simu,
niliichora boriti yake nyuma ya kalenda ya duka la dawa:
mita tano kutoka ukuta hadi ukuta,
kina sentimita arobaini na tano,
upana ishirini na tano, sawa na unene wa jiwe.
Juu yake sakafu, vitanda, wajukuu wanne,
na magunia ya maharagwe ambayo hakuyataja
lakini niliyaona.
Uzito, mara urefu, mara urefu tena, gawa kwa nane.
Sabini na tano.
Hiyo ndiyo nguvu itakayotaka kuikunja katikati
kila siku, hata Jumapili.

Zege lina tabia zake. Libane, litavumilia kama punda.
Livute kidogo tu, linakatika.
Na boriti ikibeba, mgongo unabanwa, tumbo linavutwa,
na mahali fulani kati yao unapita mstari
usiobanwa wala kuvutwa,
usiojua kama duniani kuna mzigo.
Nimewahi kuwaonea wivu watu wa mstari ule.
Sisi wa mji huu tulizaliwa upande wa chini.

Ndiyo maana chuma hulazwa tumboni.
Hesabu ilidai milimita za mraba mia tano tisini na nne.
Nondo tatu za kumi na sita: mia sita na tatu.
Ziada ni tisa, upana wa punje ya mtama.
Nikalala.

Sasa natoa kipimio mfukoni.
Kumi na nne.
Nageuza nondo, napima penye kutu, napima pasipo kutu.
Kumi na nne. Kumi na nne.
Tatu za hivyo ni mia nne sitini na mbili,
na muuzaji wa Birere hapokei simu.

Fundi Muhindo anajikuna shingo kwa koleo la waya.
"Injenieri, miaka ishirini nafunga chuma.
Milimita mbili! Mungu atasaidia."
"Mungu namwamini, papa Muhindo,
ila sijui nimwandike mstari gani wa hesabu."
"Basi tuweke saba, woga uishe."

Saba hapana.
Boriti iliyovimbiwa chuma haina adabu:
zege la juu hupondeka ghafla, bila kubisha hodi.
Mimi nataka boriti inayolalamika kwanza,
ishuke, ichanike mbele ya macho,
iwape watoto muda wa kutafuta viatu.
Nne. Nne za kumi na nne, mia sita kumi na sita.

Mama Kahambu hakuuliza habari za mraba.
Aliuliza bei.
Akahesabu fedha ya unga wa wiki nzima,
noti zikinuka hamira,
akampa kijana wa chukudu, akamwambia: moja, na uipime mbele yao.
Nikamwazima kipimio changu.

Siku ya ishirini na nane tuliondoa miti ya kuegemeza,
tukianzia katikati, mmoja mmoja.
Boriti ikashuka kidogo sana,
kama mgeni anayekalia kiti asichokiamini.
Mama akainua taa. Chini, katikati kabisa,
ufa mwembamba kuliko unywele.
Akauwekea kidole.
"Imepasuka."
"Ndiyo, mama. Ilipaswa. Zege limeachia,
sasa chuma ndipo kinaanza kazi."

Alinitazama kwa muda mrefu,
jinsi mtu anavyomtazama daktari kijana.
Nyuma yetu, kwenye ngazi,
Muhindo alikuwa anapandisha gunia la kwanza la maharagwe.